Eda ya Bi Mwanaidi na Mstari Wangu Mwekundu

Mnanijia na kalamu zenu mpya, mnaniuliza, "Mwalimu, historia ya vita inaandikwaje?" Swali zuri, lakini mnaliuliza mkiwa mmesimama mlangoni, kama watu wanaoomba moto kwa jirani. Kaeni kwanza. Kazi hii nimeifanya zaidi ya miaka thelathini, shuleni nikiwa mwalimu na siku za likizo nikizunguka vijijini na daftari kwapani, na lile kubwa nililojifunza nililijua kwa kukosea. Kosa lenyewe nitawaambia, kwa sababu mkiachwa mtalifanya na ninyi.

Msinifikirie kuwa mtu wa bunduki. Sijawahi kushika bunduki, na risasi ikinipita karibu nadhani nitazimia. Niliingia katika mambo haya miaka ya ishirini, vita ya Mdachi na Mwingereza imekwisha lakini watu bado wanaitazama barabara. Alikuja Bagamoyo bwana mmoja wa Kizungu aliyekuwa anaandika kitabu cha vita ile. Alitaka mtu wa kumtafsiria, nikachaguliwa mimi kwa kuwa nilikuwa na mwandiko mzuri na sikuwa na mke wa kuniuliza nakwenda wapi.

Bwana yule alikuwa na maswali yake yamepangwa. Manowari zilikuwa ngapi zilipopiga mji? Kombora la kwanza liliangukia wapi? Wadachi walitoka kwa njia ipi? Basi siku moja tukamuuliza bibi mmoja wa hapa hapa mjini kuhusu hilo kombora la kwanza. Bibi akafikiri, akasema, "Mimi nilikuwa nimebandika wali. Nikakimbia na watoto. Niliporudi siku ya tatu wali umeungua, sufuria imetoboka, na mpaka leo sijapata sufuria nyingine ya namna ile." Nikamtafsiria bwana. Akapunga mkono, maana yake tuendelee na mwingine.

Mimi sikuendelea. Jioni nilikwenda duka la Mhindi pale karibu na soko nikanunua daftari la pili, nikaandika habari ya sufuria. Mwenye duka, mtu wa maneno mengi, akaniuliza naandika nini. Nilipomwambia hakucheka. Akanieleza kwamba wakati wa vita meli zilikatika, nguo zikaisha dukani kwake mpaka rafu zikabaki mbao tupu, na kitu kilichomliza si hasara. Ni mtu aliyekuja kutafuta bafta ya sanda ya mama yake akaikosa, akarudi kumzika katika mkeka. Nikaandika na hilo. Bwana aliondoka na kitabu chake cha manowari, nami nikabaki na daftari la sufuria na mkeka. Hiyo ndiyo iliyokuwa ajira yangu ya kweli, ingawa hakuna aliyeniajiri.

Sasa ufundi. Aliyenifunza alikuwa Maalim Athumani, karani wa kadhi, mtu mwembamba aliyekuwa akikohoa kabla ya kila neno lake muhimu. Nilikwenda kumsomea habari za vita nilizozipata kwa Mzee Feruzi, na nilikuwa nimejaa majivuno, maana habari zilikuwa motomoto. Mzee Feruzi alikuwa akisimulia kombora kwa mikono miwili, kwa mdomo na kwa mguu wa kulia. Alinilia halua yangu majuma matatu mfululizo. Maalim akanisikiliza mpaka mwisho, akakohoa, akauliza, "Ulimuuliza alisimama wapi?"

Nikasema, "Mtu mzima yule, Maalim. Nitamuulizaje swali la namna hiyo?"

"Mbele ya kadhi tunawauliza watu wazima kuliko yeye. Ulisimama wapi? Nani alikuwa karibu yako? Ulijuaje? Mtu akiyajibu hayo matatu, mwandike. Asipoyajibu, mnywee kahawa yake uende zako."

Nikarudi kwa Mzee Feruzi nikamuuliza. Akatazama dari. Majirani wakaangua kicheko kabla hajajibu, kwa kuwa mji mzima, isipokuwa mimi, ulijua kwamba muda wote wa vita Mzee Feruzi alikuwa Unguja anashona kofia. Halua yangu ilikuwa imekwenda bure, lakini yale maswali matatu nimeyatumia mpaka nilipostaafu.

Mengine nitayataja haraka. Msitoe daftari kabla ya kikombe cha pili. Msimuulize mtu wa vijijini, Mkange au Kiwangwa, mwaka. Muulizeni mtoto wake gani alikuwa anatambaa. Kaeni chini kuliko anayesimulia. Andikeni kwa penseli, kwa sababu wino wa siku zile ukipata unyevu wa pwani unatambaa ukurasa mzima. Mimi nilikuwa na wino mwekundu pia, niliokuwa nikiutumia kusahihisha madaftari ya watoto shuleni, na hapo ndipo palipo na kosa langu.

Mkange nilifika mara ya kwanza kwa miguu, nikitafuta waliokuwa wapagazi wa vita. Mnajua habari zao, au angalau mnapaswa kujua. Mwingereza alipoishika pwani na Mdachi akakimbilia Rufiji, majumbe walitakiwa kutoa watu wa kubeba mizigo ya jeshi. Karani alikuja na karatasi ya majina, anaita, mtu anaitika, anavishwa kibati cha namba shingoni, anaondoka. Wengi hawakurudi. Hawakupigwa risasi, waliuawa na tumbo la damu, homa na njaa. Ndiyo maana nawaambia vita ya siku hizi haiishii kwa askari. Inaingia mpaka chumbani kwa mtu ambaye hakuwahi kuusikia mzinga.

Nilikuwa nimekaa na wazee barazani pale Mkange, mwanamke akaja na ukili wake mkononi, anasuka huku anatembea. Alikuwa kijana bado, ana mtoto wa kike anayemfuata nyuma. Akaniamkia, akaniuliza bila kuzunguka, "Wewe ndiye unayeandika waliokufa?"

"Naandika habari za vita, bibi."

"Basi niandikie mume wangu. Kama amekufa uniambie, nikae eda."

Ndiye Bi Mwanaidi. Habari yake ilikuwa hivi. Mimba yake ya kwanza ilipokuwa kubwa alikwenda kwao Kiwangwa kujifungua kwa mama yake, kama ilivyo desturi. Akajifungua, akamaliza arubaini, akarudi Mkange na mtoto mgongoni. Mume hayupo. Shemeji yake, Salum bin Kondo, kaka wa mumewe, akamwambia, "Walimchukua." Basi. Toka siku hiyo hakuna barua, hakuna salamu, hakuna mtu aliyesema nilimwona.

Watu walimshauri aende kwa kadhi akavunjiwe ndoa, aolewe na mwingine. Kadhi mwenyewe alikuwa tayari. Bi Mwanaidi akakataa katakata. "Sikuachwa mimi," aliniambia. "Na mimi sikumwacha. Kama yu hai nitamngoja. Kama amekufa, nina haki yangu ya kumkalia eda kama mke mwingine yeyote. Kuvunjiwa ndoa ni kumfanya mtu aliyenitupa, na hakunitupa."

Nikamuuliza jina la mumewe. Akatazama chini. Vijana wa leo mnaitana majina na wake zenu njia nzima, lakini kwa wakati ule, na kwa mwanamke aliyelelewa kama yeye, mke hamtaji mumewe kwa jina. "Baba Zuhura," alisema, yaani baba wa yule mtoto. "Jina muulize shemeji."

Nikamgeukia Salum, aliyekuwa mwenyeji wangu, mtu mpole, ndiye aliyenipa mahali pa kulala na kahawa ya kunywa. Akanijibu, "Mbwana. Mbwana bin Kondo." Nikaandika. Na kila mtu kijijini alikuwa akimsifu Salum, kwa sababu toka mdogo wake achukuliwe, kila mwaka alikuwa akimlimia Bi Mwanaidi shamba lake kabla hajalima lake mwenyewe, na hakuwahi kusema neno la kutaka kumrithi. Shemeji wa mfano, walisema. Hata mimi nilimwandika hivyo.

Nikaanza kumtafuta Mbwana bin Kondo. Kila mpagazi niliyemkuta nilimuuliza. Hakuna aliyemjua. Lakini Mapinga nilimpata Mzee Kibwana, mkwezi wa minazi, akaniambia, "Wa Mkange? Nilikuwa na mmoja wa Mkange. Nilimzika mwenyewe, ng'ambo ya Rufiji. Salum bin Kondo."

Nikacheka. "Salum bin Kondo nimekunywa kahawa yake wiki iliyopita, mzee wangu. Yu hai kuliko wewe."

"Nakwambia nilimzika."

"Umechanganya watu."

Mzee Kibwana akachukua kamba yake ya kukwelea akaenda zake. Miezi michache baadaye, Kiwangwa, katika mashamba ya muhogo, mzee mwingine jina lake Pazi akanitajia jina lile lile, Salum bin Kondo wa Mkange, aliyekufa kwa tumbo. Mtu mwenye akili angeshtuka. Wapagazi wawili, kila mmoja na kijiji chake, wanamtaja maiti mmoja! Mimi nilifanya nini? Nilirudi nyumbani, nikachovya kalamu katika wino mwekundu, nikapiga mstari juu ya maneno yao wote wawili, na pembeni nikaandika "si kweli," kama ninavyomsahihishia mtoto hesabu. Nikajiona mwanahistoria hodari anayejua kupepeta.

Miaka ikapita. Nilikuwa nikipita Mkange kila likizo ndefu, na kila mara Bi Mwanaidi alikuwa akiniuliza kwa sauti ile ile, "Umepata?" Nami namjibu, "Bado." Hakunilaumu hata mara moja. Mvi zikaanza, Zuhura akaolewa, na yeye bado si mke wala mjane. Kwenye harusi hakujua akae na kina nani. Nilikuwa nikiondoka pale nimejichukia.

Ikaja vita ya pili. Hapa pwani hapakuwa na mizinga safari hii, lakini watu walichukuliwa tena, wengine kwenda jeshini, wengine kulazimishwa kwenda kukata mkonge. Siku moja niliombwa kusaidia kusoma majina. Nikaita jina la kijana mmoja niliyemfundisha mimi mwenyewe. Akaitika, "Naam!" akasogea mbele. Nikamtazama. Siye. Ni mdogo wake. Wote wawili nimewafundisha, nawajua mpaka kwa makosa yao ya imla. Ndugu mkubwa alikuwa na mke aliyejifungua majuzi, na mdogo hakuwa na mtu, basi wakakubaliana. Nikacheka, nikataka kumwambia rudi nyuma, mjinga wewe.

Kicheko kikanikatikia.  Nilikuwa nimeuona mstari wangu mwekundu.

Nilipofika nyumbani nikalitoa daftari. Jina moja, mashahidi wawili, na juu yao wino wangu. Salum bin Kondo alikufa ng'ambo ya Rufiji na Salum bin Kondo anakunywa kahawa Mkange, na vyote viwili ni kweli kwa yule aliyevisema. Wanangu, niliona aibu ambayo sijawahi kuiona tena. Si kwa sababu nilikosea. Kila mtu hukosea. Ni kwa sababu mwanamke yule alikuwa akiniuliza "Umepata?" na mimi jibu lake nilikuwa nalo kwapani miaka yote ile, nimelifuta mwenyewe.

Nikaapa sitapumzika mpaka nilirudishe. Ijumaa iliyofuata nilikuwa Mapinga.

Mzee Kibwana alikuwa amezeeka, hakwei tena minazi, anakaa chini anasuka kamba za wengine. Nikamwamkia. "Shikamoo, mzee."

"Marahaba." Alinitambua mara moja. "Mtu wa kahawa."

"Nimekuja kukuomba radhi. Ulisema kweli."

Akaendelea kusuka. "Unajua ulinifanya nini? Mimi nilimwosha yule mtu kwa mikono hii. Nikamzika. Halafu unakuja wewe na kitabu unaniambia yu hai, anakunywa kahawa. Miaka yote hii nalala najiuliza, je, hakuwa amekufa? Je, nilimfukia mtu anayepumua? Nenda, mwalimu. Sina maneno na wewe."

Nikaenda. Jumamosi ya juma la pili nikarudi, akanifukuza. Nikarudi mara ya tatu, nikakaa chini bila kusema, nikachukua makumbi ya nazi nikaanza kumsaidia kuchambua. Nilifanya vibaya sana, akawa ananipokonya na kurudia. Kufika adhuhuri akatupa kamba yake.

"Wewe utakuja mpaka lini?"

"Mpaka uniambie. Kuna mkewe, mzee. Hajakaa eda mpaka leo, kwa kosa langu."

Akasema, "Haya, uliza." Nikayauliza maswali ya Maalim Athumani, moja moja. Alisimama wapi? Kichwani pa maiti, akimwaga maji. Nani alikuwa karibu? Pazi wa Kiwangwa, ndiye aliyechimba. Alijuaje kuwa ndiye wa Mkange? Kwa maneno yake: kila siku alikuwa akiuliza kama kuna mtu ametoka upande wa Kiwangwa, ana mke amekwenda kujifungua kule, na anataka kujua ni mtoto gani. Na mwili wake, nikamuuliza, ulikuwa na alama yoyote?

"Mkono wa kushoto," alisema Mzee Kibwana, "toka hapa kwenye kifundo mpaka kiwikoni, kovu la kuungua. Alisema alimwagikiwa maji ya chumvi wakichemsha chumvi Saadani. Sanda hatukuwa nayo. Nilivua shuka langu nikamfunika, nikabeba mzigo kifua wazi mpaka walipotugawia magunia." Akafuta macho kwa kiganja. "Sasa sema wewe. Alikuwa amekufa?"

"Alikuwa amekufa, mzee. Ulimzika sawasawa."

Akapumua pumzi ambayo nadhani alikuwa ameizuia tangu siku niliyocheka.

Kutoka Mapinga nikaenda Kiwangwa, kwa Pazi, naye akanipa kovu lile lile bila mimi kulitaja. Kisha nikashika njia ya Mkange. Njia nzima nilikuwa nikijiuliza kwa nini Salum sikuwahi kumuuliza swali la kwanza kabisa. Wageni wengi niliwauliza walisimama wapi. Mwenyeji wangu, kwa kuwa nilikula kwake, nilimwonea haya. Hilo nalo liandikeni.

Nilimkuta shambani kwa Bi Mwanaidi, jembe mkononi, mzee tayari. Tukaamkiana, tukaulizana hali, hali ya nyumbani, hali ya mvua. Nikasema, "Ndugu yangu Salum, siku karani alipokuja na karatasi ya majina, ulisimama wapi?"

Aliegemea jembe. Niliona anatafuta uongo na kuukosa.

"Nyuma ya mlango," alisema. "Jina lililoitwa ni langu. Nilikuwa na homa. Kweli nilikuwa nayo, mwalimu, lakini si homa ya kunizuia kusimama. Niliogopa. Nikamsikia Mbwana nje anaitika jina langu, naam. Nikasema nitatoka. Nikajiambia wacha wafike kwenye mti ule, nitatoka. Wakapita kwenye mti. Yeye alishikilia jina langu mpaka mwisho kwa sababu angelitaja lake wangerudi kunichukua mimi."

"Na Bi Mwanaidi?"

"Ningemwambiaje? Nimemlimia." Akalionyesha shamba kwa mkono, muhogo umesimama safi, hakuna jani la magugu. "Hiki ndicho nilichoweza kusema."

Akaniomba nisiandike. Aliniomba kwa jina la chumvi tuliyokula pamoja, na siwafichi, nilitaka kumkubalia. Nilimpenda mtu yule. Lakini bila yeye mashahidi wangu wawili walikuwa wanamshuhudia maiti ambaye yu hai, na hakuna kadhi ambaye angeupokea ushahidi wao. Nikamwambia, "Sikuja kukuhukumu. Pengine na mimi ningekaa nyuma ya mlango. Lakini umekaa huko vya kutosha, na kuna mtu amefungiwa nje." Nikaondoka, sijui atafanya nini.

Siku ya baraza la kadhi, Bagamoyo, tulikuwa tumekaa mimi na Mzee Kibwana na Pazi, na Bi Mwanaidi upande wa wanawake na binti yake Zuhura. Kadhi akawasikiliza wazee. Akatikisa kichwa. "Mnanishuhudia kufa kwa Salum bin Kondo. Mwanamke huyu mumewe ni Mbwana. Tena nasikia huyo Salum yupo."

Sauti ikatoka mlangoni. "Nipo." Alikuwa ametembea toka Mkange peke yake, kanzu imejaa vumbi. Akaingia mpaka mbele. "Shekhe, kwenye karatasi aliyekufa ni mimi. Kaburini ni mdogo wangu. Alikwenda kwa jina langu na mimi nikamwacha."

Bi Mwanaidi aliulizwa kuhusu kovu. Hakujibu kwa mdomo. Alinyoosha mkono wake mwenyewe wa kushoto, akapitisha kidole toka kifundo mpaka kiwikoni, na Mzee Kibwana akaanza kulia kwa sauti mbele ya watu wote.

Kadhi akathibitisha mauti. Kisha akamwambia Bi Mwanaidi kwa upole kwamba kwa sheria eda huhesabiwa toka siku ya kufa, si siku ya kupata habari. Eda yake ilikwisha zamani, vita ile ya kwanza ikiendelea, yeye hajui. Toka leo yu huru, hana la kukalia.

 Miaka yote ile, halafu hana la kukalia!

Bi Mwanaidi akasema, "Nimesikia, shekhe. Sheria imekwisha kwangu. Sasa nauliza, kuna sheria inayonikataza kukaa nyumbani kwangu miezi minne na siku kumi?"

Kadhi akafikiri. Maalim Athumani, ambaye alikuwa mzee kabisa lakini bado anashika kalamu, akakohoa. "Hakuna," alisema kadhi.

"Basi nitakaa."

Pale nje Salum alisimama njiani, hathubutu kumkaribia. Bi Mwanaidi akapita, akasimama bila kumtazama. "Shemeji, mwaka huu shamba langu nitalimiwa na mwanangu na mumewe." Akaenda. Salum alibaki amesimama pale mpaka nikamshika mkono.

Alikaa. Nguo nyeupe, bila manukato, bila kutoka. Wanawake wengine walimcheka kidogo kidogo mwanzoni, kwamba anamkalia eda mtu aliyekwisha kuwa udongo, lakini baada ya mwezi wakaanza kwenda kukaa naye. Zuhura aliniambia kwamba miongoni mwao walikuwamo watano au sita ambao waume zao pia walikwenda na karatasi ile. Hawakuwa na mashahidi. Walikuwa wanakwenda kukaa tu.

Alipomaliza, aliniita. Nilikuta mikeka imetandikwa, Zuhura na mumewe wapo, wazee wapo. Bi Mwanaidi alikuwa amevaa kanga mpya. Akaniuliza kama nimekuja na daftari. Nikasema ndiyo. Akatazama huku na huku, akauliza, "Shemeji yuko wapi?"

Mtu akasema yuko uani, nyuma.

"Mwambieni aje. Akae hapa mbele, si nyuma ya mlango."

Salum akaja, akakaa, kichwa amekiinamisha. Bi Mwanaidi akanigeukia. "Mwalimu, siku ya kwanza uliniuliza jina la mume wangu, nikakutuma kwa mtu. Andika sasa." Na akalitaja, kwa sauti iliyofika mpaka barabarani, jina ambalo hakuwahi kulitamka toka siku alipoolewa: "Mbwana. Mbwana bin Kondo wa Mkange."

Daftari lile mtalirithi ninyi. Mkilifungua mtaona jina la Salum bin Kondo mara mbili, limepigwa mstari mwekundu, na pembeni yake "si kweli" kwa mwandiko wangu mzuri. Nimeuacha makusudi, na ninawakataza kuufuta. Chini yake kuna jina moja la penseli, kama alivyolitaja Bi Mwanaidi.